Miaka Mama Alipoitwa Umeme

Saluni ya mama ilikuwa chumba kimoja kilichobanwa kati ya duka la viatu na kibanda cha fundi redio. Mlango wake wa kioo ulikuwa na ufa mrefu uliozibwa kwa gundi. Ndani mlikuwa na viti vitatu, vioo viwili, draya moja ya kukaushia nywele iliyovuma kama mzinga wa nyuki, na benchi la wanaosubiri. Benchi lile halikukaa tupu. Wanawake walitoka mitaa ya mbali, wakazipita saluni nyingine njiani bila hata kugeuza shingo, kwa sababu kichwa ambacho msusi mwingine angekikalia kutwa, mama alikimaliza kabla chai ya kwenye kikombe haijapoa.

Wakamwita Umeme. Sijui nani alianza. Nakumbuka tu kwamba stima ilipokatika mtaa mzima, fundi redio alikuwa akisimama mlangoni kwake na kutangaza kuwa giza limeingia kila mahali isipokuwa kwa jirani yake, na wanawake wa kwenye benchi walicheka kana kwamba ndiyo kwanza wanausikia utani huo.

Nyumbani alikuwa vilevile. Mimi na mdogo wangu wa kiume tulipoamka, sakafu ilikuwa imeshapigwa deki, sare zimepigwa pasi, mayai yamekaangwa, na yeye yuko uani anafua huku anaimba. Alikula sahani mbili na mwili usiongezeke hata chembe, mpaka shangazi akasema wifi yake lazima amempangisha mnyoo tumboni. Alilala juu ya blanketi wakati sisi tumejikunyata chini ya mawili. Siku moja ya likizo tulitoka kucheza tukakuta amepaka sebule rangi ya kijani peke yake. Akaitazama, akasema inamkumbusha zahanati, na kabla ya chakula cha jioni ilikuwa imeshakuwa njano.

Baba alikuwa karani wa posta, mpangaji wa barua, mtu wa taratibu kama maji ya mtungini. Jioni ile alisimama mlangoni na mkoba wake begani, akauliza kama hii ni nyumba ya fulani au amepotea. Alipenda kuwaambia wageni kwamba alioa upepo, na kazi yake katika ndoa ni kufunga madirisha. Akisema hivyo alimtazama mama kwa jicho ambalo sisi watoto tulilionea haya.

Hasira za mama nazo zilikuwa za haraka. Sahani ikivunjika, nyumba ilitikisika, na kabla vipande havijazolewa alikuwa ameshaanza kucheka. Tulizichukulia hasira zile kama chumvi ya chakula. Hatukujua mama wengine wakoje, na hatukutaka kujua.

Aliyeligundua tatizo alikuwa mteja, muuguzi wa hospitali, mwanamke mnene mpole aliyekuja kusukwa kila mwisho wa mwezi. Nilikuwapo siku hiyo, nikimpa mama vifungu vya rasta, maana nilikuwa nimefunga shule. Muuguzi alikuwa akimwangalia mama kwenye kioo kwa muda mrefu. Kisha akageuka kitini, nusu ya kichwa kimesukwa na nusu imesimama.

"Dada, hebu nipe mkono wako."

Mama alidhani anataka kuonyeshwa kucha. Muuguzi akamshika kifundo cha mkono, akatazama saa yake, akahesabu mapigo. Akamwambia anyooshe vidole. Akamwekea karatasi ya risiti juu ya vidole hivyo, na karatasi ile ikatetemeka kama jani. Ndipo na mimi nikaona kwa mara ya kwanza kile nilichokuwa nakiona kila siku: macho ya mama yalikuwa makubwa kuliko yale ya kwenye picha ya harusi, na shingo yake, chini kidogo ya koo, ilikuwa imetuna.

"Moyo wako unakwenda kama wa mtu aliyepanda mlima," muuguzi alisema. "Na wewe umesimama tu unasuka."

Mama alicheka, akasema moyo wake una kazi nyingi kama mwenyewe. Lakini muuguzi alikataa kugeukia kioo mpaka apewe ahadi, na mama, ambaye hakuweza kuvumilia kichwa nusu, akaahidi.

Hospitalini walimpima damu, wakamwambia tezi ya shingoni mwake inafanya kazi kupita kiasi. Tezi hiyo, tukaelezwa, ndiyo inayotoa homoni ya kuuendesha mwili: joto, mapigo ya moyo, usingizi, hata mwendo wa mawazo. Ya mama ilikuwa inamwaga bila kipimo, na huenda ilikuwa hivyo miaka mingi, ikipanda na kushuka bila mtu kuishuku. Walimpa dawa za kuituliza. Zilifanya kazi, zikaacha, zikafanya tena. Mwisho, miaka michache baadaye, nikiwa nimeshaanza kazi, wakaamua kuiondoa kwa upasuaji. Alirudi nyumbani na mshono mwembamba shingoni, akisema kwamba baba hajawahi kumnunulia mkufu, basi madaktari wamemnunulia.

Tangu siku hiyo alitakiwa kumeza kidonge kimoja kila asubuhi, maisha yake yote, kidogo kama punje ya dengu. Ndani yake mlikuwa na homoni ile ile iliyokuwa ikitoka shingoni, ila sasa ingekuja kwa kipimo.

Miezi ya kwanza ilikuwa mibaya. Mama alikaa saluni amevaa sweta la baba huku wateja wakijipepea. Sauti yake ilikwaruza. Nywele zake mwenyewe, za msusi, zikakauka na kukatika, akazifunga kitambaa. Mara moja alisinzia amesimama, msuko mkononi, na mteja akakaa kimya akimsubiri aamke kwa sababu hakuwa na moyo wa kumwamsha. Benchi likaanza kuwa na nafasi. Fundi redio aliacha utani wake.

Daktari aliyemhudumia alikuwa mwanamke kijana, mwenye miwani mikubwa na sauti ndogo. Matokeo ya damu yalipotoka maabara alimweleza mama kwa utulivu, na mama alipofika nyumbani alitueleza na sisi, polepole, akitafuta maneno. Kumbe kichwani kuna tezi nyingine, ndogo sana, ambayo ni kama msimamizi. Homoni ikipungua mwilini, msimamizi anapiga kelele, ikizidi, ananyamaza. Katika damu walikuwa wanapima kelele hizo. Za mama zilikuwa juu sana. Maana yake mwili ulikuwa unadai homoni na haupati.

Daktari alimuuliza anameza vipi. Mama akasema kwa chai ya maziwa, pamoja na mkate, na vile vidonge vya kuongeza damu alivyopewa baada ya upasuaji, vyote kwa mkupuo ili kuokoa muda. Daktari alitabasamu. "Kidonge hiki hakipendi majirani, mama," alimwambia. "Kimeze kwa maji matupu ukiamka, ukae karibu saa nzima ndipo unywe chai. Hivyo vya damu viache mpaka jioni." Kisha akapandisha dozi kidogo, akamwambia arudi baada ya wiki sita, kwa sababu mwili hauelewi mabadiliko haya kwa siku mbili tatu.

Baada ya wiki sita kelele zilikuwa zimepungua. Akapandisha tena, kidogo zaidi. Safari iliyofuata majibu yalikuwa ndani ya kiwango. Sweta lilirudi kabatini, sauti ikafunguka, nywele zikaanza kuota kandokando ya uso. Baba alileta keki nyumbani. Daktari alikuwa amesema mama yuko sawa.

"Sawa," mama alisema akikata keki. "Sawa na nani?"

Tulicheka. Hakuwa anatania, lakini hatukujua.

Ukweli ni kwamba mama mpya alikuwa mtu mwingine. Alikaa chini. Alimaliza sentensi. Alisuka vizuri kama zamani, ila kichwa kilichukua muda ambao kichwa huchukua. Wateja wenye haraka walitafuta kwingine, na waliobaki walikuwa wa umri wake. Jioni alikaa sebuleni mikono mapajani akitazama kuta za njano kama mtu aliyefika stendi basi limeondoka.

Na sisi, tukiwa mezani, tulipenda kusimulia. Siku ya rangi ya kijani. Siku alipokimbiza mwizi wa kuku mpaka mwizi akaomba maji. Siku alipowasuka mabibi harusi watatu, akafika kwenye harusi zote tatu, na kwenye ya mwisho akacheza mpaka kiatu kikakatika kisigino. Baba ndiye aliyecheka zaidi, akijifuta macho. Mama alisikiliza kwa tabasamu, kisha akakusanya sahani.

Siku moja nikiwa jikoni akaniuliza kama ninaona wateja wakimkumbuka yule wa zamani. Nikamjibu kwamba kila mtu anamkumbuka. Nilidhani nampa sifa.

Basi ilipoingia miezi ya joto, Umeme alirudi. Ilianza na nyimbo. Asubuhi moja niliamshwa na sauti ya mama uani, na kishindo cha nguo kwenye beseni. Wiki iliyofuata jiko lilibadilika rangi. Alirudia kula sahani mbili. Saluni ikajaa, fundi redio akatoka tena kutangaza habari za stima, na baba aliporudi kutoka posta alisimama mlangoni na mkoba wake akauliza kama hii ni nyumba ya fulani. Tulifurahi kupita kiasi. Hakuna aliyeuliza swali, maana mtu aliyeletewa mgeni aliyemtamani muda mrefu hamuulizi amepita njia gani.

Siku ya kipimo nilikuwa likizo kazini, nikawasindikiza yeye na baba. Chumba cha daktari kilikuwa chembamba, na mezani mlikuwa na kalenda ya mwaka uliopita na chungu cha maua ya plastiki. Daktari aliyatazama majibu ya maabara, akayageuza kana kwamba nyuma kuna maelezo zaidi, akamtazama mama. Akamshika kifundo cha mkono kama alivyofanya yule muuguzi.

"Msimamizi amenyamaza kabisa," alisema. "Safari iliyopita alikuwa sawa, na dozi ni ile ile. Mama, kuna kitu kimebadilika?"

Mama alitazama maua ya plastiki. Baba akamjibia, akasema hakuna kilichobadilika, tena mke wake anaendelea vizuri mno, hajamwona hivi tangu zamani. Alisema kwa furaha kabisa. Nadhani furaha ile ndiyo iliyomshinda mama.

"Nilikuwa naongeza," alisema.

Vile vidonge vya mwanzo, vya dozi ndogo, havikutupwa. Alivihifadhi kwenye kopo la pini za nywele kule saluni, na kila asubuhi, akishameza kile cha nyumbani, alimeza viwili vya kule. Alisema hivyo bila kujitetea, mikono yake imelala mezani, na sote tuliona vidole vikitetemeka.

Daktari hakumgombeza. Alimuuliza usingizi, akasema haupo. Alimuuliza moyo, akakiri kwamba mara mbili umepapatika vibaya, mara moja akiwa amemshika mteja kichwa, akalazimika kujifanya anatafuta chanuo. Daktari akamweleza kwamba moyo ukikimbizwa hivyo unaweza kupoteza mpangilio wake, na mifupa nayo inaliwa kimya kimya, mpaka siku mtu anateleza bafuni anavunjika nyonga. Akamtaka alete kopo lile. Akampima moyo kwa mashine palepale. Kisha akavua miwani yake, akamuuliza jambo ambalo sisi wa nyumbani hatukuwa tumemuuliza: kwa nini.

"Kwa sababu walimpenda yule," mama alisema. "Na mimi nilimpenda."

Tulirudi nyumbani kwa miguu. Baba alibeba mkoba wa mama, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, kwa kuwa zamani ungelazimika kumkimbilia ili umpokee. Tulipofika sebuleni mama akaketi.

Alisema amewaza sana tangu siku ya kwanza daktari alipotaja miaka. Kama tezi ilikuwa inakimbia tangu sisi tuko wadogo, basi yule aliyekuwa akiimba uani, aliyepaka rangi, aliyecheza harusini, nani alikuwa nani? "Niambie kweli, baba watoto," alisema. "Ulinipenda mimi, au ulipenda ugonjwa?"

Baba aliketi mbele yake, mkoba wa mama ukiwa bado mapajani mwake.

"Siwezi kukudanganya," alisema. "Namkumbuka. Nikifungua mlango jioni na nyumba imenyamaza, namkumbuka sana." Akauweka mkoba chini. "Lakini mke wangu, miaka ile yote mimi sikuwahi kula na wewe. Hata siku moja. Ulinipakulia, ukasimama, ukaondoka. Nilikula nikikutazama mgongo. Mwaka huu ndiyo nimejua kwamba hupendi maharage. Ningejuaje?"

Mama akasema kweli, hayapendi, hajawahi kuyapenda. Kisha akaanza kulia, na baba akasogeza kiti chake karibu, akakosea akakanyaga mguu wake, na wote wawili wakacheka katikati ya kilio. Niliondoka nikaenda jikoni, ingawa hapakuwa na kitu cha kufanya huko.

Kushuka hakukuwa rahisi. Alipoacha vidonge vya ziada, ule mwendo wa zamani ulimtoka kidogo kidogo, kama maji yanayokauka sakafuni, na alijua unatoka. Kuna siku alikuwa mkali, kuna siku alikaa kitandani akisema hana sababu ya kuamka. Mdogo wangu aliacha kusimulia hadithi mezani, mama akamuuliza kwa nini, akasema anaogopa kumuumiza. Mama akamwambia asimulie, ila asimulie pia siku yeye mama alipomtupia kiatu. Akasimulia. Tuligundua kwamba kila mmoja wetu alikuwa na hadithi za namna ile pia, nyingi tu, alizokuwa ameziweka kando.

Kipimo kilichofuata kilikuwa ndani ya kiwango, lakini karibu na mpaka wa juu. Msimamizi alikuwa bado ananung'unika. Safari hii daktari hakusema tu kwamba yuko sawa. Alimwambia kiwango kile ni kama uwanja: mtu anaweza kuwa ndani ya mistari na bado akawa amesimama pembeni kabisa. Akamuuliza anajisikiaje, mama akataja baridi ya asubuhi na uzito wa miguu. Daktari akaongeza nusu ya kile kidonge kidogo, nusu tu, na akamwahidi kwamba safari hii watasogea pamoja. Baba alinunua wembe mpya wa kukatia. Jioni alikaa mezani na taa, akipasua kidonge katikati kwa uangalifu wa mpanga barua, na nusu moja ilipovunjika ikawa vumbi alihuzunika kana kwamba kaharibu kito.

Wiki sita nyingine, damu nyingine. Majibu yakatua karibu na katikati. Mama alitoka chumbani kwa daktari akasema ana njaa. Hakuwa Umeme. Hakuwa pia yule mwanamke wa sweta. Alikuwa mtu ambaye ilibidi tumzoee, na ambaye naye alikuwa anajizoea. Aligundua kwamba anapenda kulala mchana. Aligundua kwamba kuta za njano zinamchosha macho, akamwita mpaka rangi wa kulipwa, akaketi akimwangalia mtu mwingine akifanya kazi. Saluni aliipunguza ikawa na kiti kimoja, kwa miadi tu. Siku hizi hata hicho hakipo. Pale panauzwa simu, na mlango wa kioo umebadilishwa.

Kichwa cha mwisho alichokisuka mwenyewe mle ndani kilikuwa changu, siku moja kabla ya harusi yangu. Nilikaa kitini asubuhi nikidhani tutamaliza kabla ya chakula cha mchana. Alinigawa nywele kwa chanuo, mstari mwembamba baada ya mstari, na mikono yake ilikuwa imetulia kabisa. Zamani, nikiwa mtoto, alinisuka kabla sijamaliza kulia. Safari hii jua lilizunguka kutoka upande mmoja wa mlango wa kioo hadi mwingine. Alinisimulia jinsi baba alivyomposa, habari ambayo sikuwahi kuisikia: jinsi yeye alivyokwenda posta kununua stempu, na karani mmoja mwenye haya akamhesabia polepole, akakosea, akahesabu upya, akakosea tena, mpaka foleni ikaanza kuguna. Alipofika nje akagundua kwamba karani amemzidishia stempu moja. Akarudi kuirudisha.

"Alikuwa amekosea kweli?" nilimuuliza.

Mama akaufunga msuko mmoja, akaukaza kidogo kwa kidole gumba, akachukua fungu jingine.

"Ngoja," alisema. "Sijafika huko."